Methali Katika Chumba cha Daktari

Mama mmoja, muuza kanga na vitenge katika Soko la Majengo hapa Dodoma, aliletwa kliniki na mwanawe akiwa na kidonda katika unyayo wa mguu wa kushoto. Aliishi na kisukari kwa miaka mingi. Kidonda kilikuwa na majuma sita, na uchafu wake ulikwisha kufika kwenye mifupa ya vidole. Baada ya kumwamkia nilimuuliza kwa nini hakuja mapema. Alinijibu kwa utulivu: "Daktari, mvumilivu hula mbivu." Mwanawe aliinamisha kichwa. Mimi nami sikuwa na jibu la haraka, kwa kuwa methali hiyo ndiyo niliyolelewa nayo.

Mguu ulisalimika, lakini vidole viwili vilikatwa. Tangu siku hiyo nimekuwa nikizitazama methali kwa jicho jingine. Wapo wenzetu katika taaluma wanaoziona kuwa ni mapambo ya lugha yasiyo na nafasi katika tiba. Maoni yangu ni kinyume. Msemo mfupi ni nguvu inayofanya kazi ndani ya chumba cha daktari, tupende tusipende. Nao, kama dawa yoyote yenye nguvu, huweza kuponya na huweza kudhuru.

Nguvu hiyo inatoka wapi? Kwanza, katika umbo lake. Tazama "Haba na haba hujaza kibaba" au "Haraka haraka haina baraka": maneno machache, sauti zinazorudiana, mapigo yanayokaa kinywani. Mwaka 2000 watafiti wawili wa Marekani, Matthew McGlone na Jessica Tofighbakhsh, walichapisha utafiti ulioonyesha kwamba watu huuona msemo wenye vina kuwa wa kweli zaidi kuliko msemo wenye maana ileile usio na vina. Masikio husaidia kuiaminisha akili. Pili, methali haina mwandishi. Anayeitamka hasemi kwa niaba yake mwenyewe, bali kwa niaba ya wazee waliomtangulia. Kuipinga ni kama kubishana na ukoo mzima. Ndiyo sababu mwanamke wa Kiswahili huweza kumfikishia jirani ujumbe mzito kwa kujifunga kanga tu, wala asifungue kinywa.

Tiba yenyewe imewahi kutembea juu ya misemo. Kitabu cha Hippocrates cha semi fupi kilifundishiwa matabibu kwa karne nyingi, na Ibn Sina aliyafupisha mafundisho ya utabibu katika utenzi ili wanafunzi wayahifadhi kwa urahisi. Hapa kwetu, mwaka 1973, Taifa lilifanya kampeni ya elimu ya afya kwa njia ya redio na vikundi vya kusomea. Inakadiriwa kuwa watu wazima milioni 2 walishiriki, wakajifunza kuhusu malaria, kichocho, kuhara na kifua kikuu, na vyoo vingi vikachimbwa vijijini. Jina la kampeni lilikuwa maneno matatu: Mtu ni Afya. Wazee wengi waliosahau yaliyoandikwa katika vijitabu vyake hawajayasahau maneno hayo.

Lakini wepesi huohuo wa kukumbukwa huusaidia pia uongo. Wakati UKIMWI ulipokuwa ukiteketeza kaya zetu, vijana walikuwa na misemo yao. Walisema kondomu ni kama kula pipi na ganda lake. Maambukizi waliyaita "ajali kazini". Sisi tuliwajibu kwa vipeperushi vyenye aya ndefu. Mizani haikuwa sawa: upande mmoja sentensi inayochekesha, upande wa pili karatasi inayofungiwa karanga. Hata leo dereva wa bodaboda asiyevaa kofia ngumu atakuambia kwamba ajali haina kinga, ilhali kofia ile ndiyo kinga ya ubongo wake.

Nasi watumishi wa afya tunazo methali zetu zinazodhuru. "Mgonjwa haulizwi uji" ni mojawapo. Ilizaliwa na huruma: aliyelala kitandani asisumbuliwe kwa maswali, aletewe tu uji. Hata hivyo, nimeisikia ikitumiwa kuhalalisha upasuaji usioelezwa na dawa zisizotajwa madhara yake. Kwa uji, sawa. Kwa mwili wake, mgonjwa lazima aulizwe.

Napendekeza mambo matatu. La kwanza, mgonjwa akitaja methali, tuiandike akilini kama sehemu ya historia ya ugonjwa. Anayesema "Mungu si Athumani" huenda ana tumaini, au huenda amekata tamaa na kuacha vidonge. Tofauti hiyo hujulikana kwa swali moja zaidi.

La pili, tumjibu kwa lugha hiyohiyo. Uzuri wa hazina yetu ni kwamba karibu kila methali ina mwenzake wa kuizuia. Anayesema mvumilivu hula mbivu, mwambie pia kwamba ngoja ngoja huumiza matumbo. Anayeficha uvimbe wa titi kwa aibu, mkumbushe kuwa mficha maradhi kifo humuumbua. Anayekunywa dawa za shinikizo la damu siku ambazo kichwa kinamuuma tu, haba na haba itamweleza kazi ya kidonge cha kila siku kuliko mchoro wa mishipa.

La tatu, tusiishie kwenye methali. Methali hufungua mlango, haielezi kilichomo ndani. "Kinga ni bora kuliko tiba" haimwambii mtu apime nini, lini, wala wapi. Baada ya msemo lazima yafuate maelekezo kamili, kisha mgonjwa ayarudie kwa maneno yake mwenyewe ili tujue kama tumeelewana.

Nilijaribu hivyo kwa mama wa Majengo. Nilimweleza kwamba kisukari kilikuwa kimeua hisia za nyayo zake, hivyo kidonda hakikumuuma. Hapakuwa na maumivu ya kuvumilia, bali mlinzi aliyelala. Kisha nikamwambia: "Mama, usipoziba ufa, utajenga ukuta." Tukakubaliana kwamba kila jioni, baada ya kufunga biashara, ataosha miguu, ataikausha hadi katikati ya vidole, na mwanawe ataikagua nyayo kwa mwanga mzuri. Mchubuko wowote, hata usiouma, uletwe kliniki kesho yake.

Miezi michache baadaye alirudi kabla ya tarehe yake. Alikuwa na lengelenge dogo, la ukubwa wa punje ya mahindi, lililosababishwa na kandambili mpya. Alivua kiatu, akanyoosha mguu na kusema, "Daktari, nimeleta ufa." Tulilisafisha na kulifunga, tukazungumza kuhusu viatu vinavyomfaa, akarudi sokoni siku ileile.