Acheni Kuuliza Nani Alimbeba Nani Yamoto Band

Najua nimepotea. Kuna waliotuma meseji wakidhani nimeacha libeneke, wengine wakasema nimeolewa, teh teh! Sijaacha na sijaolewa. Nilikuwa TP, tena sio mbali, hapa hapa Naliendele, shule ya kata, naamka saa kumi na moja alfajiri kuandika andalio la somo kwa tochi ya simu. Leo nimerudi na nina hasira. Kaeni vizuri.

Jumamosi usiku tulikuwa kwenye kibanda cha chipsi, kama watu saba hivi, wote wanachuo. Mpika chipsi akaweka nyimbo za Yamoto Band. Basi, mjadala ukaanza ule ule ambao mmeshausikia mara mia. Mmoja kasema Aslay ndo alikuwa Yamoto, wale wengine watatu walibebwa. Mwingine kamaindi, kasema tazama Mbosso alipofika, sasa nani alimbeba nani? Dada mmoja wa mwaka wa pili akaleta habari za nani kazaa na nani na nani kamwacha nani, na hapo hata waliokuwa wanachati wakaweka simu chini. Tulikaa saa nzima na nusu. Katika saa nzima na nusu hiyo hakuna hata mmoja aliyeuliza: hivi wale vijana walikuwa wamesaini nini?

Na mimi sikuuliza. Mimi ndo nilikuwa na sababu kubwa kuliko wote ya kuuliza, na nitawaambia kwa nini huko mbele.

Kwanza niweke wazi, mimi ni mshabiki. Yamoto wanatoka nilikuwa shule ya msingi. Kwa waliosahau: Said Fella, yule yule aliyewasimamia TMK Wanaume Family, alikuwa na kituo chake cha vipaji Temeke kinaitwa Mkubwa na Wanawe. Humo ndimo walimotoka Aslay, Maromboso (ndo Mbosso wa leo), Beka Flavour na Enock Bella. Aslay alikuwa ameshajulikana tangu akiwa mtoto kwa wimbo wa "Naenda Kusema". Wakawekwa pamoja, wakapewa jina, na kuanzia 2013 nchi nzima ikawa inaimba nao. "Niseme", "Nitajuta", "Cheza kwa Madoido", mpaka "Su" na Ruby. Shuleni kwetu kila wavulana wanne wenye viatu vinavyofanana walikuwa Yamoto. Na kila kundi la wanne lilikuwa na mmoja asiyetaka kuwa Enock, maana Enock alikuwa na ile sauti nzito na sisi watoto tulidhani sauti nzito ni ya kusindikiza tu. Kumbe ukiitoa ile sauti pale chini wimbo unabaki unaelea kama mtumbwi usio na nanga.

Halafu 2017 ikafika, kila mmoja akaanza kutoa nyimbo zake. Aslay alitoa nyimbo mfululizo mwaka ule mpaka ukafika "Natamba", watu wakachanganyikiwa. Beka akaja na "Libebe". Mbosso Januari 2018 akatambulishwa WCB Wasafi na "Watakubali". Enock naye alitoa zake, ila ninyi wenyewe niambieni, ni wangapi kwenye kibanda kile waliweza kutaja hata wimbo mmoja? Sifuri.

Sasa hoja yangu ni hii, na mnitukane mkitaka. Sisi mashabiki tunajifanya tunapenda muziki, lakini tunachopenda ni matanga. Kundi likivunjika tunafurahi. Tunapata cha kuongea. Tunagawa watu mafungu, huyu mshindi huyu mshindwa, kama vile walikuwa wanashindana wao kwa wao tangu siku ya kwanza, wakati walikuwa wanaimba ubeti mmoja mmoja ili wimbo mmoja uishe.

Tazameni tulivyomfanyia Mbosso. Watu waliona mikono yake inatetemeka akiwa jukwaani au kwenye mahojiano, wakacheka, wakasema analewa, wakasema anatumia vitu. Mwaka 2022 akasema mwenyewe hadharani kwamba ana tatizo la moyo. Mliomcheka mlimwomba radhi? Mwaka 2019 alipofariki mchekeshaji Boss Martha, mama wa mtoto wake, kuna watu walifanya hesabu za nani alikuwa na nani mwaka gani kabla hata udongo haujakauka. Huyo mtoto atakua na atajua kusoma, jamani. Mimi nasomea ualimu, watoto wa aina hiyo ndo nitakaokaa nao darasani.

Mtaniambia ndo bei ya ustaa. Eti hata Ulaya wako hivyo. Sawa, twende Ulaya. Dada zetu wa miaka ile walilia na Westlife, wale Waairishi wa "My Love". Walianza 1998, mwaka 2004 Brian McFadden akatoka, wakabaki wanne na jina lao. Mwaka 2012 wakaachana, na mwaka huo huo Shane Filan akatangaza kufilisika kwa sababu ya biashara ya majumba. Mtu mwenye nyimbo namba moja 14 Uingereza! Lakini 2018 wakatangaza wanarudi, na walirudi kwa jina lile lile. Na kabla ya hayo yote, kundi lilipoanza likiwa na jina lingine, kuna vijana waliotolewa ili kundi lipate mkataba. Hao nani anawaimba? Hata huko kuna akina Enock, na wengine hawakupata hata ubeti mmoja.

Kwa hiyo umbea upo kote, nakubali. Tofauti ni kwamba wenzetu pamoja na umbea wanajua nani ana jina, nani ana nyimbo, nani anapata nini. Majirani zetu Sauti Sol wa Nairobi walianza 2005, wakafungua lebo yao wenyewe, Sol Generation, na Mei 2023 wakatangaza kwamba wanapumzika kama kundi. Wakazunguka kuaga, wakafunga kwa tamasha Nairobi Novemba mwaka ule. Wamekaa miaka 18. Bien anaimba peke yake sasa, na hakuna anayelazimika kuuliza nani alimbeba nani. Kundi linaweza kuisha bila kuvunjika. Sisi hapa tangu TMK Wanaume walipogawanyika 2006, Juma Nature akaenda na Wanaume Halisi, Temba na Chegge wakabaki na Family, tumezoea kwamba mwisho wa kundi ni ugomvi na kwamba kazi yetu ni kuchagua upande.

Na msidhani haya ni mambo ya Temeke tu. Sisi wa kusini tunajigamba na Harmonize, mtoto wa Mtwara, Mmakonde mwenzetu. Alivyotoka WCB 2019 na baadaye akasema alilipa mamia ya mamilioni ya shilingi ili awe huru, tulilia naye. Tulisema wananyonya watoto wa maskini. Haya, akaanzisha Konde Gang, wa kwanza kumchukua akawa Ibraah, naye mtoto wa huku huku, Chinga. Mwaka 2025 Ibraah akajitokeza hadharani analalamika kwamba ili atoke anatakiwa alipe shilingi bilioni 1. Mwaka huo huo Mbosso katoka WCB, na Diamond mwenyewe akatangaza kwamba hakumtoza hela ya kuondoka, na Mbosso katoa "Pawa" imepiga nchi nzima. Sasa nani mbaya na nani mzuri hapo? Mimi sijui na wala sitaki kujua! Mtu kutoka salama kwa sababu bosi kaamua kuwa mwema siku hiyo sio utaratibu, ni bahati. Na kama ni karatasi ndo inasema, basi karatasi ndo ya kujadiliwa kwenye chipsi, sio wanawake zao.

Haya. Sasa yangu.

Pale shuleni kwenye TP nilikuwa na wanafunzi wanne wa kidato cha tatu, wanaimba. Wanaimba kweli, sio mchezo. Mapumziko wanakaa chini ya mkorosho nyuma ya stoo wanapanga sauti, na mmoja ana sauti nzito ambayo ukiisikia unageuka kutafuta mtu mzima. Niliwapa kuimba kwenye sherehe moja ya shule, wazazi wakawatunza hela mpaka mwalimu wa zamu akasimamisha. Wiki mbili baadaye wakaja na karatasi. Kuna jamaa mwenye studio mjini amewasikia, anataka kuwasimamia.

"Madam, tunaomba utuwekee sahihi hapa, shahidi."

Nikaweka.

Nisikilizeni vizuri. Mimi mwanachuo, mwaka wa tatu, ninayewafundisha watoto ufahamu, kusoma habari na kujibu maswali, niliweka sahihi kwenye karatasi ambayo sikuisoma. Kengele ilikuwa imelia, nilikuwa na kipindi, na walikuwa wamefurahi sana. Nikawaambia hongereni, mkiwa mastaa msinisahau. Walicheka. Na mimi nikacheka.

Niliisoma wiki moja baadaye, nilipomwomba mmoja aniletee nakala nipige picha kwa kumbukumbu. Ukurasa mmoja tu. Miaka 10. Nyimbo zote, pamoja na zile walizokwisha kutunga kabla hawajamjua, ni za studio. Jina la kundi ni la studio. Mapato yatagawanywa "kadiri uongozi utakavyoona inafaa". Anayetaka kutoka atalipa gharama zote "zitakazotajwa". Zitakazotajwa na nani? Wala hakuna sahihi ya mzazi hata mmoja. Ipo yangu tu.

Nilimfuata yule jamaa. Alinikaribisha vizuri, akaniita mwalimu, akaniletea soda. Akasema dada yangu, huu ndo muziki, hata Yamoto walianza hivi hivi. Nikamuuliza wewe umeuona mkataba wa Yamoto? Akacheka. Hajauona, kama mimi na wewe tusivyouona. Lakini jina la Yamoto ndo ndoano aliyowavulia. Na anaweza kuitumia kwa sababu sisi miaka yote tumejadili sura zao na wapenzi wao, hatujawahi kufundishana kwamba kundi ni karatasi pia.

Siku hizi ametoa bango la shoo. Kwenye picha wapo watatu. Yule wa sauti nzito hayumo, eti hana mwonekano. Na karatasi inamshika miaka 10 kama wenzake. Nilimkuta amekaa peke yake chini ya ule mkorosho. Akaniamkia, shikamoo madam, nikaitika, nikakosa la kuongeza.

Nimemuuliza mdau mmoja anayesoma sheria. Kanifungulia Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, kifungu cha 11: anayeweza kuingia mkataba ni mtu aliyefikia umri wa utu uzima, na kwetu ni miaka 18. Wangu wana 16 na 17. Kasema karatasi ile ina hali mbaya kuliko mwenye studio anavyodhani. Kaniambia pia kwamba Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inaanza na mtunzi, na kwamba COSOTA ipo kwa ajili ya watu kama hawa kusajili kazi zao. Jumatatu naenda kwa wazazi, nyumba nne, nyumba kwa nyumba, na nitaanza kwa kusema kosa ni langu. Mzee mmoja ana mashamba ya korosho na hasira za karibu, mniombee.

Kwa hiyo wadau, mkikutana kibandani msinikataze kuongelea Yamoto, nitaongea mpaka chipsi zipoe. Ila mtu akiniuliza nani alimbeba nani, namuuliza yeye: ukipewa ubeti wa tatu na sauti ya chini, ungependa karatasi yako iandikwe nini? Akishindwa kujibu, anilipie mishikaki.

Wa kitivo cha sheria mliopo Mtwara, nahitaji mtu wa kunisindikiza Jumatatu. Nauli ya bajaji natoa mimi, boom limeingia. Na ninyi wa elimu mnaoenda TP mwakani: mtoto akikuletea karatasi, kaa chini uisome, kipindi kisubiri.

Nawasilisha.