Mkwawa hakuwarithisha Wahehe kitanzi

MIZANI YA WIKI
Na Atupele Mwasomola

Anayejitambulisha kuwa ametoka Iringa hakawii kupigwa mzaha wa kamba: ati Mhehe akiudhiwa kidogo hujinyonga. Wa Mbeya naye huambiwa Wanyakyusa ni wajeuri. Hizo ni hukumu zinazotolewa kabla ya shauri kusikilizwa. Kiswahili kina neno kasumba, lililokuwa jina la afyuni kabla ya kuwa jina la mawazo yaliyomganda mtu kichwani bila kuyahoji. Kasumba ya kamba hutafutiwa ushahidi kwa Mtwa Mkwawa, mtawala wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani, lakini historia yake haiungi mkono hukumu hiyo. Agosti 17, 1891, wapiganaji wake walikiangamiza kikosi cha Wajerumani cha Emil von Zelewski huko Lugalo, na Zelewski mwenyewe akauawa. Oktoba 1894 Wajerumani wakaiteka ngome ya Kalenga kwa mizinga. Mkwawa akaendelea kupigana kwa kuvizia hadi Julai 19, 1898, alipojipiga risasi asikamatwe, kichwa chake kikiwa kimetangaziwa zawadi. Hakufa kwa kitanzi wala kwa hasira za nyumbani, alikufa vitani. Tendo la mtawala mmoja aliyezingirwa haliwezi kuwa tabia ya watu waliozaliwa karne moja baadaye.

Wapo watakaosema huu ni utani tu, na utani umetujengea nchi. Ni kweli, ila utani una pande mbili. Mhehe na Mngoni, ambao wazee wao walipigana karne ya 19, hutaniana kwa kuwa kila mmoja ana la kumrudishia mwenzake. Mwajiri wa Dar es Salaam anayemkataa binti wa kazi kwa sababu ametoka Iringa hatanii. Binti huyo hana nafasi ya kujibu. Wengine watasema mbona watu wanajiua kweli huko? Wanajiua, kama wanavyojiua kwingineko, na hapo ndipo kasumba inapodhuru zaidi. Jirani akishasema “ndivyo walivyo”, haulizi tena habari za madeni, pombe, ugomvi wa ndoa au sonona, mambo ambayo ndugu, kiongozi wa dini na daktari wangeweza kuyashughulikia mapema. Aliyeelemewa naye husita kusema, akijua kilio chake kitageuzwa kichekesho cha kabila. Kwa hiyo kuuacha mzaha huu si kuwabembeleza Wahehe. Ni kuwapa haki ya kuulizwa kinachowasibu, kama anavyoulizwa mtu mwingine yeyote.