Soli za Ndani ya Viatu

Hapa Kindu, avukaye Lualaba kwa mtumbwi mara nyingi hufika ng'ambo na viatu vilivyolowa. Wengi wetu huvisukuma hivyo hivyo chini ya kitanda, na baada ya siku chache soli za ndani zimeota ukungu, nyumba yanuka.

Yafaa kuzitoa jioni ile ile, kuzifuta kwa kitambaa chenye sabuni kidogo, na kuzianika kivulini penye upepo. Zisikaribie makaa, kwani ngozi hukakamaa ikapasuka. Zikikauka kabisa, zilazwe katika karatasi, wala si katika mfuko wa plastiki. Soli za boksi (nasi tumewahi kuzikata!) hunywa maji tu.

Lakini neno kubwa ni hili. Mwenye kisukari, au aliyepatwa na ukoma, huenda nyayo zake zimekufa ganzi. Msumari ukipenya soli hausikii, naye hutembea kutwa akiwa na jeraha. Basi kila asubuhi, kabla hajavaa, aingize mkono kiatuni apapase. Ikiwa na mikono imekufa ganzi, mtu wa nyumbani ampapasie. Soli iliyokunjamana ibadilishwe, maana mkunjo peke yake watosha kumchubua.