Afya ya Jamaa: Mkasi wa Kirusi cha Polio

Mnamo tarehe 17 Februari 2022 ilitangazwa kwamba mtoto mmoja wa miaka mitatu mjini Lilongwe, Malawi, alikuwa amepatwa na polio, yaani ule ugonjwa wa kupooza. Viungo vya mtoto huyo vilianza kulegea tarehe 19 Novemba 2021. Malawi haikuwa imeona mgonjwa wa polio ya asili tangu mwaka 1992, na bara zima la Afrika lilithibitishwa mwezi Agosti 2020 kuwa limeondokana nayo. Hivyo mguu wa mtoto mmoja uliziamsha serikali za nchi kadhaa.

Katika ukurasa wetu wa juma hili tutaeleza jinsi kirusi cha polio kinavyojitengeneza ndani ya mwili wa binadamu. Adui asiyejulikana hapigwi vizuri. Na ajuaye kazi ya kirusi hiki atafahamu pia kwa nini silaha yetu dhidi yake ni chanjo wala si dawa.

Kirusi ni nini?

Kirusi ni kijidudu kidogo kupita bakteria kwa mbali. Virusi vya polio vipatavyo 30,000 vikipangwa mstari mmoja, urefu wake utakuwa milimita moja hivi. Kirusi hakili, hakipumui, wala hakiwezi kuzaana chenyewe. Ni ganda la protini tu, na ndani ya ganda hilo umekunjwa uzi mmoja wa maagizo ya urithi. Maagizo ya mwili wa binadamu yameandikwa kwa herufi za kikemia zipatazo milioni elfu tatu. Yale ya kirusi cha polio hayazidi herufi 7,500 hivi. Ni kama askari wa doria aliyeacha mzigo wote kambini, akitegemea kuishi kwa mali ya nchi anayoivamia.

Nchi hiyo ni seli zetu, yaani zile chembe hai ndogo zilizoujenga mwili. Kirusi huingia kwa njia ya kinywa, kwa maji, chakula au mikono iliyochafuliwa na choo cha mtu mwenye kirusi hicho. Kikifika kooni na matumboni huingiza uzi wake ndani ya seli. Humo mna viwanda vidogo viitwavyo ribosomu. Kazi ya viwanda hivyo ni kusoma maagizo na kuunganisha asidi amino, moja baada ya nyingine, mpaka itokee protini. Ribosomu haiulizi maagizo yametoka wapi. Ikipewa uzi wa kirusi, huusoma kama inavyosoma maagizo ya mwenye nyumba.

Protini nyingi katika moja

Hapa ndipo pana jambo la ajabu. Katika seli zetu, kwa kawaida, ribosomu huanza kusoma mahali pamoja, humaliza mahali pamoja, na hutoa protini moja. Lakini kirusi kinahitaji protini mbalimbali, nyingine za kujenga ganda na nyingine za kunakili uzi, na uzi wenyewe ni mmoja. Kirusi hulitatua tatizo hilo kwa kuziandika protini zake zote mfululizo bila kituo. Ribosomu huzisoma kwa mkupuo mmoja na kutoa protini moja ndefu mno, yenye asidi amino zipatazo 2,200. Wataalamu huiita poliprotini, maana yake protini nyingi katika moja.

Akina mama watalielewa jambo hili upesi. Doti ya kanga hununuliwa dukani ikiwa vipande viwili vilivyoshikana. Mpaka vikatwe na kupindwa ndipo huvaliwa vizuri. Basi fikirini jora lenye vipande zaidi ya kumi vilivyoshikana namna hiyo, kila kimoja kwa kazi yake. Jora kama hilo, likiwa zima, halimsitiri mtu. Sharti likatwe.

Mkasi uliofumwa ndani ya jora

Ni nani basi akataye, hali kirusi hakikuja na fundi? Jibu ni kwamba mkasi umefumwa ndani ya jora lenyewe. Vipande viwili vya poliprotini ni vimeng'enya vyenye uwezo wa kukata protini, navyo huanza kazi vikiwa bado vimeshikana na wenzao, hata kabla ribosomu haijafika mwisho wa uzi. Mkasi wa kwanza hutenga sehemu ya ganda na sehemu ya vifaa vya kazi. Mkasi wa pili hufanya karibu kazi yote inayobaki. Mikasi hii haikati ovyo. Hutambua mpangilio maalumu wa asidi amino, kama fundi wa cherehani afuataye alama za chaki kwenye kitambaa.

Sehemu ya ganda hukatwa vipande vitatu. Nakala sitini za kila kipande hukusanyika na kujenga ganda jipya, na uzi mpya ukishakuwamo, kipande kimoja kati ya hivyo vitatu hukatwa tena kuwa vipande viwili. Hapo kirusi huwa kimekomaa. Sehemu ya vifaa nayo hutoa kimeng'enya cha kunakili uzi pamoja na vingine. Tena baadhi ya vipande hufanya kazi moja kabla ya kukatwa, na kazi nyingine baada ya kukatwa. Kwa njia hiyo uzi mfupi hutoa matumizi mengi.

Mkasi wa kwanza una uhaini mwingine. Ukishamaliza kukata jora la kirusi, huigeukia seli na kukata kifaa ambacho seli hukitumia kuanza kusoma maagizo yake yenyewe. Uzi wa kirusi una njia nyingine ya kuanza kusomwa, kwa hiyo viwanda vyote hubaki vikikitumikia kirusi peke yake. Baada ya saa chache seli hufa, na maelfu ya virusi vipya hutoka kutafuta seli nyingine. Ikiwa seli zilizoshambuliwa ni zile za neva katika uti wa mgongo ziamrishazo misuli, hazioti tena zikifa. Ndiyo sababu mtoto hulemaa.

Siri hii haikufahamika mara moja, kwa maana ukataji ni wa haraka hata jora zima ni vigumu kulikuta ndani ya seli. Mwaka 1968, huko Marekani, Michael Jacobson na David Baltimore walizipa seli zenye kirusi asidi amino za bandia. Mikasi ikashindwa kukata sawasawa, na protini ndefu zikaonekana. Mwaka huo huo Donald Summers na Jacob Maizel nao walionyesha kuwa protini ndogo za polio hutokana na protini kubwa.

Mkasi ukizuiwa

Msomaji atauliza, "Kama kirusi hakiwezi kuishi bila mkasi, mbona tusiuharibu mkasi huo?" Swali hilo ni zuri, na kwa magonjwa mengine limekwisha kujibiwa. Virusi vya UKIMWI navyo hutengeneza poliprotini, na mkasi wake umeundwa kwa nusu mbili zinazofanana. Tangu mwaka 1995 zimeidhinishwa dawa zinazojipachika katikati ya mkasi huo usifunge. Kirusi hutoka katika seli kikiwa hakikukomaa, wala hakiwezi kuambukiza seli nyingine. Lopinavir na atazanavir, zinazotolewa pamoja na ritonavir kwa wagonjwa ambao dawa za mwanzo zimewashinda, ni za jamii hiyo. Kirusi cha UVIKO-19 nacho kina mkasi wa namna yake, na dawa ya nirmatrelvir iliyoidhinishwa Marekani mwezi Desemba 2021 huuzuia.

Lakini kwa polio hakuna dawa iliyoidhinishwa ya kuutibu ugonjwa huo. Hata kama ingekuwapo, mzazi huugundua ugonjwa pale mguu unapolegea, na wakati huo seli za neva zimekwisha kuumia. Dawa huja nyuma ya adui, chanjo humtangulia. Mtoto aliyechanjwa ana kinga inayokitambua kirusi kwa ganda lake na kukikamata kabla hakijaufikia uti wa mgongo.

Yaliyotokea Lilongwe

Ganda hilo hilo ndilo lililofichua asili ya kirusi cha Lilongwe. Katika maabara wataalamu husoma herufi 900 hivi za uzi zinazoagiza kipande kimoja cha ganda, kiitwacho VP1. Kila kirusi kinapojinakili hukosea herufi hapa na pale, na makosa hayo hulimbikizana kwa kadiri ya muda, hata yanaweza kutumika kama saa. Waliposoma herufi za kirusi cha Lilongwe waliona kwamba kinahusiana na virusi vilivyokuwa vikienea katika jimbo la Sindh, nchini Pakistan, miaka ya 2019 na 2020. Kilivuka bahari bila kuonekana. Na hilo haliwezi kushangaza, kwa maana katika watu 200 wanaoambukizwa, ni mmoja hivi tu apoozaye. Wengine hukitoa kirusi kwa choo majuma kadhaa, wao wenyewe wakiwa wazima. Kwa hiyo mtoto mmoja aliyelemaa ni ishara ya wengi waliokwisha kuambukizwa.

Mwezi Machi 2022 kampeni ya matone ilianza Malawi, na nchi jirani za Msumbiji, Tanzania na Zambia zikajiunga. Wachanjaji walipita nyumba kwa nyumba wakiwatafuta watoto walio chini ya miaka mitano. Hata hivyo kirusi kilikuwa kimekwisha kuvuka mpaka, na mwaka 2022 watoto wanane walipooza nchini Msumbiji. Baada ya chanjo kurudiwa mara nyingi, mlipuko huo ulitangazwa kuwa umekwisha mwezi Mei 2024.

Tuitazame pia Dzaleka, katika wilaya ya Dowa, kaskazini mwa Lilongwe. Kambi hiyo ya wakimbizi ilifunguliwa mwaka 1994 kwa watu wapatao 10,000 hadi 12,000, lakini imekuja kuwa na watu zaidi ya 50,000 kutoka Kongo, Burundi, Rwanda na kwingineko, na Kiswahili husikika sokoni humo kila siku. Mahali watu wanaposongamana hivyo, wakashirikiana vyoo na visima, kirusi hakikosi njia. Wala mwenye nyumba nzuri ya Area 47 asidhani ukuta wake utamkinga, kwa maana mboga za soko na mikono ya watoto wa shule hazina mpaka. Na familia za askari, ambazo leo zipo kambi hii na mwaka ujao ni nyingine, zina sababu zaidi ya kujihadhari.

Tufanye nini?

Kwanza, mtoto apate matone na sindano zote za polio kwa ratiba ya kliniki. Dozi moja haitoshi. Kampeni ikipita apewe tena, hata kama kadi yake imejaa. Matone ya ziada hayamdhuru.

Pili, ndugu askari, uhamisho ukija, kadi ya chanjo ya mtoto isafiri pamoja na barua ya uhamisho, na kliniki mpya ionyeshwe kadi hiyo mapema.

Tatu, choo kitumiwe na watu wote wa nyumba, na mikono ioshwe kwa sabuni baada ya kwenda chooni, baada ya kumsafisha mtoto, na kabla ya kushika chakula.

Nne, mtoto wa chini ya miaka 15 akilegea mkono au mguu ghafla, apelekwe kituo cha afya siku hiyo hiyo. Wauguzi watataka choo chake mara mbili, kwa kupishana siku moja au zaidi. Wazazi wasione haya wala wasikatae, kwani hivyo ndivyo kirusi cha Lilongwe kilivyogunduliwa.

Wako wanaouliza kama matone yenyewe hayana hatari, kwa kuwa yana kirusi kilichodhoofishwa. Ni kweli kwamba mahali ambapo watoto wengi hawakuchanjwa, kirusi hicho kinaweza kuzunguka muda mrefu na kurudiwa na nguvu. Lakini hilo hutokea kwa sababu ya uchache wa waliochanjwa. Mahali walipochanjwa wote, kirusi hicho hakipati pa kuzungukia.

Hadi mwaka 2025 polio ya asili ilikuwa bado ikienea Pakistan na Afghanistan, na tumeona kwamba umbali huo haukuizuia kufika Lilongwe. Kirusi chenye uzi mmoja na mkasi wake kinahitaji seli moja tu iliyo wazi. Usipoziba ufa utajenga ukuta. Basi kila mzazi aitazame leo kadi ya mtoto wake, na kama pana nafasi isiyojazwa, kesho asubuhi aende kliniki.