Asiyefundishwa Asipewe Bastola

Ndugu wafanyakazi, mwenzetu akipewa jembe bovu hupata malengelenge. Akipewa bastola bila mafunzo anaweza kuua mtu, na siku hiyo lawama humwangukia yeye, siyo meneja aliyemkabidhi.

Tunawasemea walinzi wanaosindikiza fedha za mishahara, bastola ndogo imefichwa chini ya koti. Udogo wake unadanganya. Mtutu ni mfupi, na mkono hupita mbele ya mdomo wake kwa urahisi. Tena kuchomoa magazini hakuifanyi bastola iwe tupu: risasi moja yaweza kubaki ndani ya chemba. Lazima kuvuta nyuma sehemu ya juu na kutazama ndani, mdomo ukielekea mahali salama na kidole kikiwa mbali na kifyatulio. Jasho la kiuno nalo huleta kutu. Kwa hiyo isafishwe na kupakwa mafuta kidogo mara kwa mara, risasi zikiwa zimewekwa mbali.

Haya hayafundishwi kwa kuambiwa "shika, nenda." Tunadai mafunzo ya kweli, mkoba mgumu unaofunika kifyatulio, sanduku la chuma la kufungia silaha zamu ikiisha, na vifaa vya kusafishia. Vyote kwa gharama ya mwajiri, kwani Mkataba namba 155 wa ILO wa 1981, kifungu cha 21, unasema hatua za usalama kazini zisimgharimu mfanyakazi.

Asiyefundishwa asikubali kuipokea, na chama kisimame naye.