Makipa wa zamani waulizwe kazi yao

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nitoe maoni yangu kuhusu namna vyombo vya habari vinavyowahoji makipa wetu wa zamani.

Nachukua mfano wa Ndugu Juma Kaseja. Mwaka 2003, akiwa kijana mdogo, alipangua penalti mjini Cairo, na Simba ikawatoa Zamalek waliokuwa mabingwa wa Afrika. Desemba 2013, akiwa Yanga, alifungwa mabao 3 na Simba katika mechi ya Nani Mtani Jembe, akabebeshwa lawama nyingi. Wengi walidhani amekwisha. Lakini Agosti 2019, akiwa na umri wa miaka 34 na akidakia KMC ya Kinondoni, alirudi Taifa Stars, akapangua penalti mjini Nairobi na Kenya ikatolewa. Mwezi uliofuata Burundi nao walitolewa kwa penalti hapa Dar es Salaam. Baadaye akawa kocha wa makipa.

Kipa wa zamani akikaribishwa redioni au kwenye televisheni, maswali mara nyingi ni yale yale: Simba na Yanga ipi ilikulipa vizuri, nani alikufitini, lile bao ilikuwaje. Kazi yenyewe ya kudaka haiulizwi.

Jambo hili linatugusa sisi walimu. Chuoni tulifundishwa kupima viwanja na kupuliza filimbi, kudaka hatukufundishwa. Matokeo yake golini anawekwa mtoto asiyejua kucheza. Anaangukia kiwiko kwenye uwanja mkavu, na akifungwa anazomewa. Hapa kwetu mvulana wa darasa la sita aliacha michezo kabisa kwa sababu hiyo, ingawa mikono yake ilikuwa mizuri.

Nashauri redio ya taifa itenge walau dakika 15 kwa wiki. Kipa wa zamani atueleze mpira wa chini unadakwaje, kona ikipigwa atoke wakati gani, na aangukeje asiumie. Zaidi ya yote, atueleze kipa afanye nini moyoni mwake baada ya kufungwa bao la kizembe, na bado dakika 80 za kucheza. Somo hilo halimo katika vitabu vyetu.

Wataalamu hao tunao. Tukiendelea kuwauliza umbea tu, tusishangae klabu zetu kubwa kutafuta makipa nje ya nchi. Wahusika mnasemaje?

Mwalimu wa Shule ya Msingi,
Chamazi, Temeke,
Dar es Salaam.