Subira si Kunyamazia Dhulma

Miongoni mwa tunaosimama nao katika safu za swala wamo waliotumikia taasisi za umma kwa mikataba ya mwaka mmoja mmoja. Mkataba huhuishwa mara ya kwanza, ya pili, hata ya tano. Kisha siku moja mtu hukabidhiwa barua kwamba hahitajiki tena. Akiuliza, huambiwa muda umekwisha, hana haki. Nasi humwongezea: subiri ndugu yetu, riziki yatoka kwa Allah.

Ni kweli riziki yatoka kwa Allah (s.w.). Lakini ni Yeye aliyewaamuru walioamini, mwanzoni mwa Suratul Maida, watimize mikataba. Amri hiyo haikumvua mwajiri yeyote, mkubwa wala mdogo.

Sheria ya nchi nayo haikunyamaza. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 ilihesabu kuwa ni kuachishwa kazi pale mkataba wa muda maalumu usipohuishwa, ilhali mfanyakazi alikuwa na matarajio ya msingi kwamba utahuishwa. Kanuni za mwaka 2007 zikabainisha misingi ya matarajio hayo, mathalani mkataba kuhuishwa huko nyuma au ahadi ya mwajiri. Basi mwenye barua na azihifadhi, kwani madai yasiyo na ushahidi hayasimami.

Mlango nao una saa yake. Kanuni nyingine za mwaka 2007 zilitoa siku 30 za kufikisha mgogoro wa kuachishwa kazi mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Mtumishi wa umma, tangu marekebisho ya mwaka 2016, hutakiwa kwanza kumaliza njia zilizomo katika Sheria ya Utumishi wa Umma. Wapo walioshindwa si kwa kukosa haki, bali kwa kuchelewa au kubisha mlango usio wao. Subira tuliyowausia ndiyo iliyowapotezea siku zao.

Tukumbuke Hilful-Fudhul. Mfanyabiashara mgeni alinyimwa malipo ya bidhaa yake Makka, akapaza sauti, na watu wema wakaapa kusimama na mwenye kudhulumiwa hadi apate haki yake. Mtume (s.a.w.) alihudhuria kiapo hicho kabla ya utume, na baada ya utume akasema kwamba hata sasa angeliitwa kwacho angeliitikia.

Kwa hiyo tunashauri kila msikiti uwaombe wanasheria waumini wawasomee barua hizo wenye kuachishwa kazi, wiki ile ile wanapozipokea.

Na tusiwanyooshee wengine kidole ilhali mwalimu wa madrasa yetu hana mkataba wowote, na huondolewa kwa neno moja baada ya swala ya Isha. Tuanze kwa kumwandikia yeye.

Allah (s.w.) atujaalie kuwa miongoni mwa watimizao ahadi. Amin.